Kifaa cha Kwanza ni Wewe

Maya Deren alifariki New York tarehe 13 Oktoba 1961, akiwa na umri wa miaka 44. Aliacha filamu sita alizozikamilisha mwenyewe, na zote sita ukizitazama mfululizo hazifiki saa moja na nusu. Aliacha pia mikanda aliyoipiga Haiti, kama futi 18,000, ambayo ukiiendesha kwenye projekta kwa mwendo wa kawaida itakuchukua saa nane na ushei. Filamu zile fupi zinafundishwa hadi leo katika vyuo vya filamu. Mikanda ya Haiti hakuwahi kuiunganisha ikawa filamu.

Kisa hiki nakisimulia kwa kijana aliyejifunza mwenyewe kutengeneza filamu: anayepiga kwa simu au kwa kamera ya kuazima, anayehariri usiku wenzake wakilala, asiye na mfadhili wala bosi wa kumwambia leo fanya hivi, kesho fanya vile. Deren alikuwa mwenzake kabisa. Sikisimulii ili kumsema marehemu, kwa sababu ni wachache waliowahi kufanya makubwa kama yake kwa kidogo kama alichokuwa nacho. Nakisimulia kwa sababu uhuru uliompandisha ndio huo huo uliomwelemea, na anayeutamani uhuru huo ni haki yake aujue mzigo wake.

Alizaliwa Kyiv, Ukraine, mwaka 1917, akaitwa Eleonora Derenkowska. Baba yake alikuwa daktari wa magonjwa ya akili. Familia ilikuwa ya Kiyahudi, na mwaka 1922 ikayakimbia mauaji waliyokuwa wakifanyiwa Wayahudi, ikafika mji wa Syracuse katika jimbo la New York na kulifupisha jina lake kuwa Deren. Binti alisoma uandishi wa habari, kisha fasihi ya Kiingereza hadi shahada ya uzamili mwaka 1939, na aliyoyapenda zaidi yalikuwa mashairi. Chuo cha filamu hakukiona kwa macho. Mwaka 1941 akapata kazi ya ukatibu kwa Katherine Dunham, Mmarekani Mweusi aliyekuwa mcheza ngoma na pia mwanaanthropolojia aliyefanya utafiti Haiti. Safari za kundi la Dunham zikamfikisha Los Angeles, na huko akakutana na Alexander Hammid, mpiga filamu kutoka Czechoslovakia. Wakaoana mwaka 1942.

Mwaka uliofuata baba yake alifariki. Kwa sehemu ya urithi aliomwachia, Deren akanunua kamera ya mtumba, Bolex ya milimita 16. Ilikuwa kamera ya kushikwa mkononi, isiyohitaji umeme. Iliendeshwa kwa springi: unazungusha mkono wake mpaka ukaze, kama saa za zamani za kutia ufunguo, kisha unapata kama nusu dakika ya kupiga kabla springi haijalegea. Mkanda wa futi 100 uliisha kabla ya dakika tatu. Mtu hakubonyeza kitufe mpaka ajue anataka nini, maana mashine yenyewe haikuruhusu kupiga ovyo.

Hammid ndiye aliyemwonyesha namna ya kuishika kamera na kuukata mkanda. Mengine akayaokota mwenyewe kwa kufanya. Katika nyumba waliyokuwa wakiishi, juu ya vilima vya Hollywood, mke na mume wakatengeneza Meshes of the Afternoon, filamu ya dakika 14 isiyo na neno hata moja la kusemwa.

Mwanamke anaokota ua njiani na kupanda ngazi za nyumba. Anatoa ufunguo, unamponyoka, unadundadunda ngazi hata ngazi hadi chini. Ndani kuna mkate mezani na kisu, na mkono wa simu umeondolewa mahali pake. Anaketi karibu na dirisha, usingizi unamchukua, na ndotoni anamwona mtu wa joho jeusi akipita barabarani. Mtu huyo anapogeuka, penye uso pana kioo. Kisha mambo yanajirudia: ua lile, ufunguo ule, ngazi zile, kila safari na badiliko dogo, mpaka wanawake watatu wenye sura moja wanakaa kwenye meza moja. Mmoja wao anainuka na kisu mkononi. Hatua ya kwanza mguu unakanyaga mchanga wa pwani. Ya pili, nyasi. Ya tatu, udongo. Ya nne, njia ya saruji. Ya tano, zulia la chumba alimolala yule mwenzake. Kwa hatua tano za sekunde chache amesafiri kutoka baharini hadi kando ya kiti.

Siri ya hatua hizo haina gharama. Kila hatua ilipigwa mahali pake, na mkato ukawekwa mguu ukiwa bado katika mwendo, jicho likaamini ni safari moja. Mwaka 1945 alifanya vivyo hivyo na mcheza ngoma Talley Beatty: mguu unainuliwa msituni katikati ya miti, unashushwa ndani ya chumba cha mtu. Filamu hiyo haifiki dakika nne. Mwaka mmoja kabla, katika At Land, mawimbi yanarudi nyuma baharini, na mwanamke aliyetupwa ufukweni anajivuta juu ya gogo lililokauka na kutokezea kwenye meza ndefu ya karamu. Anatambaa katikati ya wageni wanaoendelea kuzungumza na kuvuta sigara kana kwamba hayupo.

Kwake filamu ilikuwa ndugu wa shairi kuliko wa riwaya. Mwaka 1953, katika mjadala wa hadhara uliowaketisha pamoja naye watu kama Arthur Miller na mshairi Dylan Thomas, alieleza kwamba hadithi husonga kwa ulalo, kutoka tukio hadi tukio, lakini ushairi huchimba wima: husimama juu ya jambo moja na kushuka ndani yake kutafuta maana na hisia. Aliyekulia kwenye mashairi ya Kiswahili hahitaji kuelezwa zaidi. Ubeti mmoja wa mizani nane kwa nane unaweza kubeba jambo ambalo masimulizi ya kurasa kumi yangelitapanya. Ubeti hubeba hivyo kwa sababu una mipaka, na mtunzi anajua vina vyake vitaangukia wapi kabla hajatia wino kwenye karatasi.

Filamu zake za mwanzo nazo zilikuwa na mipaka ya namna hiyo, na sehemu kubwa ya mipaka hiyo hakuichagua. Nyumba ilikuwa moja. Mkanda ulikuwa wa dakika chache, springi ya nusu dakika, waigizaji ni yeye mwenyewe na marafiki. Umaskini ulimwekea ua kuzunguka shamba, na ndani ya ua huo akalima kila shubiri. Alipenda kusema kwamba filamu zake zinagharimu kiasi ambacho Hollywood hutumia kwa rangi ya midomo, na alilisema hilo kama sifa.

Alipozimaliza hakungoja mtu wa kuja kumgundua. Tarehe 18 Februari 1946 alikodi ukumbi wa Provincetown Playhouse, Greenwich Village, akaonyesha filamu zake tatu mwenyewe, na watu wakafurika. Miongoni mwa waliovutiwa na mfano wake ni Amos Vogel, ambaye mwaka uliofuata alianzisha Cinema 16, chama cha watazamaji kilichokuja kuwalea watengeneza filamu huru wengi wa Marekani. Deren alizungukia vyuo akiwa na mikebe yake ya filamu, akaonyesha, akafundisha, akaandika, akakodisha nakala kwa barua alizojibu mwenyewe. Mwaka huo huo wa 1946 akapewa ruzuku ya Guggenheim, miongoni mwa wa kwanza kabisa kuipata kwa kazi ya ubunifu wa filamu. Mwaka 1947 Meshes of the Afternoon ikatuzwa Cannes katika kundi la filamu za majaribio za milimita 16. Alikuwa na miaka 30. Kufikia hapo hakuna kosa la kunyooshea kidole.

Kwa ruzuku ile akaenda Haiti, Septemba 1947, na mpango mkubwa. Alitaka kupiga ngoma za ibada ya Vodou na kuzisuka pamoja na michezo ya watoto na picha za ibada za Bali zilizokuwa zimepigwa na wanaanthropolojia Gregory Bateson na Margaret Mead, ziitikiane kama sauti kadhaa za wimbo mmoja. Mpango ulikuwa mzuri karatasini, lakini haukutaja filamu ingekuwa ya dakika ngapi, wala kupiga picha kungekoma lini.

Haiti ikamchukua. Katika Vodou, roho ziitwazo lwa humpanda mtu katikati ya ngoma, na Wahaiti humwita aliyepandwa farasi wa lwa. Msomaji wa pwani ataelewa mara moja, maana kwetu nako pepo hupanda kichwani, na anayepandwa huitwa kiti. Deren hakubaki mtazamaji wa pembeni. Alikaribishwa uani, akajifunza nyimbo na taratibu, akaingizwa katika ibada yenyewe. Mwishoni mwa kitabu alichokuja kukiandika anaeleza jinsi yeye mwenyewe, katikati ya ngoma, alivyohisi mguu wake ukiota mizizi ardhini na Erzulie, lwa wa mapenzi, akimpanda. Miaka iliyofuata alirudi Haiti mara kadhaa, na kila aliporudi kamera ilipiga tena. Mikanda ya futi 100 ikarundikana hadi ikafika kama 180.

Kisha akashindwa kuikata.

Sababu yake ni ya heshima, na naiheshimu. Katika utangulizi wa kitabu hicho alikiri waziwazi kwamba alikwenda Haiti kama msanii, ili achukue mambo ya watu ayapange upya kwa umbo la sanaa yake, akaishia kuandika kwa unyenyekevu mpangilio wa uhalisi uliokataa kupangwa na mgeni. Mkasi uliohamisha mguu wa Talley Beatty kutoka msituni hadi chumbani haukuthubutu kugusa mguu wa mtu aliyepandwa na lwa. Kumkata mtu huyo katikati ya mwendo na kumuunganisha na mtoto anayeruka kamba kungekuwa sawa na kumnyang'anya jambo lililo lake.

Lakini kitabu alikimaliza. Divine Horsemen kilitoka mwaka 1953, na hadi leo ni miongoni mwa maandishi yanayoheshimiwa sana kuhusu Vodou. Hapa ndipo nawaomba vijana wasimame kidogo. Mwandishi ni huyo huyo, safari ni hizo hizo, watu ni wale wale, na heshima aliyokuwa nayo kwao haikupungua. Mbona kitabu kikakamilika na filamu isikamilike? Kitabu kilikuwa na mtu wa kukisubiri. Joseph Campbell, msomi wa visasili, alikuwa mhariri wake, alimtia moyo aandike, na upande wa pili kulikuwa na mchapishaji. Kitabu kina kurasa, kurasa zina idadi, na iko siku mtu anakuja kuzichukua. Filamu ya Haiti haikuwa na yeyote. Ilikuwa huru kabisa, ikakaa kwenye mikebe.

Kazi nyingine nazo zikaanza kufuata njia hiyo. Medusa aliianza mwaka 1949, hakuimaliza. Filamu aliyoipiga Toronto mwaka 1951 ilibaki mazoezi. The Very Eye of Night, ambamo wacheza ngoma wanaonekana kama nyota nyeupe zinazoelea kwenye anga nyeusi, alianza kuipiga mwaka 1952, na watu wa New York wakaiona muongo ukiwa unaelekea ukingoni. Huku kukiwa na hayo, alianzisha taasisi ya kuwasaidia watengeneza filamu wenzake, akawaandikia barua, akawatafutia tuzo. Aliwahangaikia wengine kwa moyo mweupe, na saa za kuwahangaikia zilitoka katika saa zake.

Kuna makala fupi aliyowaandikia watengeneza filamu wa ridhaa ambayo ningependa kila anayejifunza aisome. Anakumbusha kwamba neno linalotumiwa Ulaya kumtaja mtu wa ridhaa linatokana na neno la Kilatini lenye maana ya mpenda: mtu anayefanya kitu kwa kukipenda, si kwa kulipwa. Kiswahili kimefika karibu na hapo kwa njia yake, maana ridhaa ni moyo uliokubali wenyewe. Anamwambia mtu huyo asiwaonee wivu wenye studio. Wao wamefungwa na minyororo ya vifaa vya tani kadhaa, na siku zao zimehesabiwa na mwenye pesa. Wewe una uhuru wa muda, hakuna bajeti inayokukimbiza. Na anamalizia kwa kusema kwamba kifaa kilicho muhimu kuliko vyote ni wewe mwenyewe: mwili wako unaoweza kwenda popote, akili yako yenye ubunifu, na uhuru wako wa kuvitumia viwili hivyo.

Nimeyasoma maneno hayo mara nyingi, na kila mara yananiuma, kwa kuwa ninajua kifaa chake mwenyewe alikitunza vipi. Pesa ilikuwa haba miaka yote hiyo. Waliomwandikia maisha yake wanaeleza kwamba alikuwa akila vibaya, akikesha, na akitegemea sindano za daktari mmoja mashuhuri wa New York, Max Jacobson. Daktari huyo aliwachoma wasanii na wakubwa mchanganyiko wa vitamini na amfetamini, dawa inayofukuza usingizi na kuua hamu ya kula. Mwaka 1975, muda mrefu baada ya kifo cha Deren, daktari huyo alinyang'anywa leseni. Mtu asiyelala anaona ameongezewa saa za kazi, na asiyesikia njaa anaona ameokoa pesa ya chakula. Mkopo huo mwili haukuusamehe. Oktoba 1961 damu ilivuja kwenye ubongo wake, akafariki.

Lau angekuwa mwajiriwa wa studio, pengine mtu angemwambia, dada, leo basi, nenda nyumbani. Studio hufanya hivyo kwa kulinda pesa yake, si kwa huruma, lakini hufanya. Studio ingemwekea pia tarehe ya mwisho ya kurudi kutoka Haiti, na siku ya kuingia chumba cha uhariri. Deren aliikataa studio, na alikuwa na haki, kwa sababu studio isingempa nafasi ya kupiga mguu unaotoka msituni na kushukia chumbani. Alipoikataa alizikataa amri zake zote kwa pamoja, zile za kijinga na zile za kumlinda. Nafasi ya zile za kumlinda hakuijaza na kitu.

Mikanda ya Haiti ilipata mwisho wake, ila si kwa mkono wake. Mumewe wa mwisho, mwanamuziki Teiji Ito, pamoja na Cherel Ito, ambaye Teiji alimuoa baadaye, waliichambua na kuihariri, na filamu ikatoka mwaka 1985, ikiwa na urefu usiofika saa moja. Miaka 24 ilikuwa imepita tangu Deren afariki, na Teiji mwenyewe alishafariki mwaka 1982. Waliifanya kwa upendo, na bila wao tusingeiona ngoma hata moja. Lakini itazame. Juu ya picha kuna sauti za wasimulizi zinazoeleza kila kinachotokea, kwa maneno yaliyotolewa kitabuni mwake. Katika filamu sita alizokamilisha Deren hakuna hata moja yenye msimulizi. Nyingi zilizaliwa kimya kabisa, kwa kuwa aliamini picha inaweza kusema yenyewe. Kazi ambayo mwenyewe hakuifunga imefungwa na wengine, kwa lugha ambayo mwenyewe hakuwahi kuitumia.

Nami ninayo mikebe yangu. Nikiwa kijana nilimrekodi babu yangu, fundi wa majahazi, kwa kamera ya kuazima. Nilimrekodi akichagua mti, akichonga mataruma, akiziba nyufa kwa pamba na mafuta, akieleza majina ya kila kipande cha chombo kuanzia mkuku hadi foromali. Kanda zilifika kumi na nne. Kila wikendi nilisema bado, kuna jambo moja zaidi nilipige kisha nianze kuhariri. Babu akafariki. Nikasema sasa moyo hauniruhusu, nitaanza mwakani. Nilipofungua boksi miaka kadhaa baadaye, ukungu ulikuwa umetambaa kwenye kanda kama unavyotambaa kwenye viatu vya ngozi msimu wa masika. Tatu tu ndizo zilizocheza. Katika mojawapo babu ananyanyua uso, anatazama kamera, anauliza, "Mjukuu wangu, hii mnayochukua tutaiona lini?" Nasikia sauti yangu ikijibu, "Karibuni, babu."

Wahenga walisema mali bila daftari hupotea bila habari. Picha nazo ni mali. Siku hizi hazina springi ya kulegea wala mkanda wa kuisha. Simu inapiga saa nzima bila kukuuliza unataka nini, diski inameza, na kijana anadhani kwa kuwa amerekodi basi amefanya kazi. Deren alipokuwa na nusu dakika ya springi alitupa hatua tano ambazo ulimwengu haujazisahau. Alipokuwa na mikanda 180 na uhuru wa miaka hakutupa filamu. Kipaji hakikupungua katikati ya hapo, wala bidii. Kilichopungua ni ua.

Basi, kijana, ua huo jiwekee mwenyewe, maana hakuna atakayekuwekea. Kabla hujapiga picha ya kwanza, andika filamu yako ni ya dakika ngapi, na idadi hiyo iheshimu kama mtunzi anavyoheshimu mizani. Tafuta mtu mmoja wa kukusubiri: mwalimu, rafiki, shangazi, mwenye ukumbi wa mtaani, yeyote utakayeona haya kumwambia bado. Mwambie tarehe, kisha mwonyeshe ulichonacho siku hiyo hata kama hakijakutosheleza. Ukijikuta mbele ya jambo kubwa kuliko wewe, kama Deren alivyojikuta Haiti, usijilazimishe kulikata kwa jeuri, lakini usilikimbilie pia kwa kuongeza mkanda. Chukua kipande kimoja kidogo unachoweza kukibeba kwa heshima, ngoma moja, usiku mmoja, mtu mmoja aliyekuruhusu, ukifunge hicho, ukiweke mezani, ndipo urudi kuchukua kingine.

Na mwili ule ambao mwenyewe aliuita kifaa cha kwanza, utunze kama unavyoitunza lenzi. Lenzi unaifuta kwa kitambaa laini na kuifungia kwenye mkoba. Mwili unaukeshesha siku tatu, unaulisha soda na maandazi, kisha unaudai picha zisizotikisika. Kesha moja la kumalizia kazi halijamwua mtu. Makesha yakigeuka kuwa ratiba, na kidonge kikachukua nafasi ya usingizi, jua kwamba unakula mtaji. Kamera ikiharibika utaazima ya jirani, lakini mwili wa kuazima haupo.

Mimi siku hizi sitoki nyumbani na kamera kabla sijaandika mistari mitatu kwenye daftari: dakika ngapi, siku gani itaonyeshwa, na nani anaisubiri. Zile kanda tatu za babu zilizosalimika nimezifanya filamu ya dakika tisa. Niliwaonyesha binamu zangu uani kwake, kwenye shuka jeupe, na swali lake nimeliacha mwishoni, bila sauti ya msimulizi.